Kikosi na Sauti ya Baba

Miaka kumi na tisa sasa anaulizwa swali lile lile, na limemchosha: "Kwani huna wenzako?" Hana. Filamu zake zote tisa ameziandika, amezirekodi na kuzihariri mwenyewe. Katika mbili ameigiza maiti, maana waliopangiwa umaiti hawakutokea. Mtaani wanamwita Kikosi.

Mtu mmoja tu alikataa katakata kurekodiwa: baba yake, fundi cherehani, aliyeiita kazi hiyo kuchezea taa. Kisha daktari akasema koo la mzee litapasuliwa Jumatatu, na sauti huenda isirudi. Jumamosi mzee akavaa koti, akaketi sebuleni.

"Haya, uliza. Mara moja tu."

Kikosi akatega taa, akambania mzee kipaza sauti kolani, akabandika karatasi kwenye kitaa chekundu cha kamera kinachowaka ikirekodi, maana humtisha asiyezoea. Akabonyeza kitufe, akakimbilia kiti cha muulizaji. Mzee akasimulia vizuri ajabu: utoto, cherehani ya kwanza, alivyomposa mama. Kila alipopumzika, Kikosi alibonyeza kusimamisha, kisha akabonyeza tena kuendelea.

Kumbe kwa ile haraka ya mwanzo kidole kilikuwa kimebonyeza mara mbili. Mzee aliposimulia, kamera ililala, aliponyamaza, ikaamka.

Aligundua Alhamisi, mzee amerudi nyumbani na bandeji shingoni, anazungumza kwa daftari. Kikosi akajitukana matusi yote anayoyajua. Wenye wasaidizi huambiwa wanapokosea! Nusura aitupe kamera dirishani, ila kioo nacho angekitengeneza yeye.

"Imetoka?" mzee akaandika.

Hakuweza kumdanganya. Akamwonyesha kilichokuwepo: mzee akikohoa, mzee akinywa maji, mzee akiponda mshono wa pazia. Halafu Kikosi anatoka kufuata betri ya taa, na mzee anamgeukia mama aliyesimama mlangoni.

"Huyu mwanao anafanya kazi ya watu sita. Ningejua, ningekuwa namshikia hata taa. Usimwambie, atavimba kichwa."

Mzee akanyakua kalamu. "Hiyo ifute!"

"Siifuti, Baba," Kikosi akasema. "Ndiyo pekee niliyo nayo."

Mzee akaandika tena, kwa herufi kubwa za mtu aliyekasirika, akamsukumia daftari.

"TAA IKO WAPI?"