Benchi Lililokataliwa

Bado naikumbuka, mwanangu, asubuhi niliyokaa juu ya benchi letu wenyewe, ndani ya ofisi ya watu waliosema benchi hilo haliwezi kubeba mtoto wa shule.

Ndevu zangu zilikuwa hazijaona mvi. Mimi na mwenzangu Cubaka tulikuwa na karakana ya useremala mtaani Kadutu, na ofisi hiyo ya serikali ilikuwa imetangaza zabuni ya mabenchi kwa shule moja ya kijijini, kule Walungu, ambako watoto walikuwa wakiandika wamekaa juu ya mawe. Kila mwombaji alipeleka benchi moja la mfano. Siku ya kufungua bahasha bei zilisomwa mbele ya wote, na yetu ilikuwa ya chini kabisa. Kisha ikatufikia barua: mmekataliwa, benchi lenu ni dhaifu.

Dhaifu! Nalo walikuwa wameliweka mlangoni kwa mkubwa wa ofisi, wageni walikalie. Wanene kwa wembamba walilikalia kutwa, wala halikutoa hata mlio.

Sheria ilitupa siku chache za kupinga kwa maandishi. Lakini sisi tuliona kumwandikia mkubwa pingamizi ni kukosa adabu. Kwetu Bushi shauri haliendewi mikono mitupu, basi tukambebea kasiksi, pombe yetu ya ndizi, tukaenda kumsalimia. Alitupokea kwa kicheko.

"Batoto yangu, musikuwe na haraka. Murudi kesho, tutaongea kirafiki."

Tukarudi kesho, na kesho yake. Kila tulipofika tulipewa sukre, soda baridi, chupa moja kwa kila mtu, tukaambiwa tungoje kwenye benchi. Ngoja ngoja huumiza matumbo, nasi tulidhani tunaheshimiwa.

Ndipo asubuhi ile akapita Maman Nsimire, shangazi yake Cubaka, aliyezeekea kazini kama karani wa mahakama. Alitutazama sisi, akazitazama chupa mikononi mwetu.

"Muko munangoja nini hapa?"

"Tunamungoja patron, Maman. Anatusaidia."

"Anawasaidia?" Sauti yake ilijaa ofisi nzima. "Mutu mwenye aliwanyanganya, njo munakuya kumusalimia? Sheria inawapa siku kidogo, naye anawapa sukre mupaka siku ziishe! Heshima si utumwa. Musimame!"

Tulisimama. Siku hiyohiyo tuliandika pingamizi, Maman akitusimamia kila mstari, tukalipeleka. Mkubwa alipitisha kidole kwenye kalenda yake, akatabasamu.

"Pole, batoto yangu. Mumechelewa."

Mwanangu, hasira ile haijanitoka hadi leo. Si kwa ajili ya kazi tuliyoikosa tu. Mabenchi ya yule aliyepewa yalivunjika kabla mwaka wa shule haujaisha, na watoto wa Walungu wakarudi kwenye mawe. Naye aliyetufanyia hayo alitucheka, tumbo lake limejaa kasiksi yetu!

Basi nisikilize. Zabuni yako ikikataliwa bila haki, usiende kubembeleza. Uliza sababu kwa maandishi, andika pingamizi lako kabla siku hazijakwisha, lipeleke mwenyewe, na usitoke mlangoni bila muhuri wa kupokelewa kwenye nakala yako. Wakinyamaza, panda kwa walio juu yao. Sheria imewaweka kwa kazi hiyo. Ukipenda sana kumsalimia mtu, msalimie baada ya muhuri. Na kama atakuona huna adabu, mwache akuone hivyo.

Benchi letu bado liko mlangoni pale, zima. Juzi nilipita nikakuta vijana wawili wamelikalia, chupa za sukre mikononi, wanangoja. Sikuwauliza majina yao wala shida yao. Niliwaambia tu: "Musimame!"

Nawe, mwanangu, Mungu akupe magoti ya kumpigia Yeye peke yake, na miguu ya kusimama mbele ya wengine wote.