Boksi la Kumweka Evariste Nyumbani

Jirani yangu Marcelline, ambaye sote tunamwita Mama Umuhire, hakuhangaikia michezo ya video kwa ajili ya watoto. Bintiye ameshaolewa, ana nyumba yake. Alihangaika kwa sababu ya mumewe Evariste, mtu wa miaka hamsini na kitu mwenye mdomo usio na breki.

Breki za lori alizijua vizuri. Alikuwa shofele wa barabara ya Bunagana, kule mpakani mwa Uganda, mpaka vita vilipolisimamisha gari la bosi wake. Tangu hapo, kila alasiri alikwenda kwenye kona yetu ya Mapendo kujadili siasa na wanaume wenzake. Hapa Goma tunaita hiyo parlement debout, yaani bunge la kusimama, maana halina viti wala mshahara. Mume wangu Buhendwa naye ni mbunge wa hapo, Mungu anisaidie.

Zamani tulikuwa tukiwacheka. Lakini waasi walipoingia mjini Januari ile ya 2025, kona haikuwa tena mahali pa kucheka. Fundi viatu mmoja wa bunge hilo alichukuliwa kwa ajili ya maneno aliyoyasema mbele ya watu, na mpaka leo mkewe anazunguka akiuliza. Wenzake wakajifunza kunong'ona. Evariste hakujifunza.

"Papa Umuhire, unaenda wapi tena?" Marcelline alikuwa akimwuliza.

"Kunyoosha miguu."

"Miguu haiko na matata. Ni ule mudomo."

Mimi, mume wangu nilimpigia kelele, na haikusaidia chochote. Marcelline aliona mbali kuliko mimi. Aliona kwamba mwanaume aliyeshika usukani maisha yake yote hawezi kukaa ndani ya nyumba ya mbao akiitazama mikono yake. Ilibidi mikono ipewe kitu.

Kazi ya Marcelline ni kuchaji simu za watu kwa paneli ya jua na betri kubwa. Katika vitu vyake kulikuwa na boksi dogo jeusi la televisheni, lile la bei rahisi la kuonyesha filamu za intaneti, lililopitia Bunagana katikati ya marobota ya nguo. Kwa intaneti yetu hii, filamu moja ingemalizika mtazamaji akiwa na mvi. Boksi likawa la kuwekea kikombe. Siku moja mteja akamwambia kwamba boksi kama hilo linaweza kugeuzwa mashine ya michezo ya zamani, na Marcelline akakumbuka sale, ule ukumbi wa michezo wa ujana wao.

Zamani hizo wakiwa wachumba, Evariste alikuwa bingwa wa mchezo wa mpira katika sale moja ya video karibu na Birere. Marcelline alimngojea mlangoni mpaka miguu ikafa ganzi. Volkano ya 2002 ilipita juu ya sale ile. Leo kuna nyumba ya mtu juu ya lile jiwe jeusi, na anayekaa humo hajui ni mabao mangapi yamelala chini yake.

Akaenda kwa jamaa anayetia miziki kwenye simu. Yule bwana akakopi programu ya michezo kwenye kadi ndogo ya kumbukumbu kama anavyokopi wimbo, wakachomeka, na boksi likawaka vilevile na filamu zake zisizokuja. Marcelline alilitukana kwa Kinyarwanda siku kadhaa. Baadaye wakagundua kwamba programu ya namna hiyo haikopiwi, inaandikwa juu ya kadi nzima, ili boksi liichukue kama akili yake mpya. Tena ndani ya tundu la waya wa sauti kuna kitufe kilichojificha, na lazima ukibonyeze wakati unawasha. Alikuja kwangu mbio kuomba kijiti cha meno, nikadhani amepika nyama.

Siku hiyo Evariste alikuwa anavaa viatu aende kona. Akasikia muziki wa mchezo ule. Akakaa na kiatu kimoja mguuni mpaka jua likazama.

Sasa, bingwa bila mpinzani ni nini? Hilo Marcelline hakulifikiria. Haikupita wiki Evariste akawaleta wote, na bunge la kusimama likapata viti. Walicheza, wakabishana, na siasa zikarudi kwa sauti kubwa kuliko za barabarani, kwa sababu kila bao lilihitaji kelele.

"Maneno niliyatosha ku barabara, nikayaingiza ku salon yangu," Marcelline aliniambia. Alikuwa anacheka, lakini kila gari lilipopunguza mwendo alikwenda kuchungulia dirishani.

Alasiri moja nikiwa nimewapelekea chai, waliingia vijana wawili wenye bunduki, bila kubisha hodi.

"Mukutano ya nini hapa?"

Kwenye kioo cha televisheni wachezaji waliendelea kukimbia wenyewe.

"Tunacheza tu, chef," Evariste alisema.

Mmoja wao akatazama kioo, akatabasamu, akalaza bunduki juu ya magoti na kuomba manette, kile kidude cha vitufe cha kuchezea. Wakacheza. Nilimwona Evariste, mtu ambaye hajawahi kumwachia mtu yeyote bao, akifika mbele ya goli tupu. Akasimama. Akaugeuza mpira, akaurudisha nyuma taratibu mpaka kwa mpinzani. Alifanya hivyo mara nyingi. Buhendwa aliangalia chini.

"Muzee, umezeeka," kijana alisema alipomaliza.

"Ni kweli, chef."

Walipoondoka, wanaume nao walitoka mmoja mmoja. Evariste alikunja waya, akaweka boksi kabatini. Kesho yake hakwenda kona. Hakusema juu ya siasa, wala ya barabara, wala ya chumvi kwenye sombe, mboga yetu ya majani ya muhogo. Alikaa akitazama mikono yake.

"Nilitaka anyamaze," Marcelline aliniambia penye ua, na machozi yalikuwa yanamtoka bila kujificha. "Lakini hapana hivi. Huyu hapana bwana yangu."

Nyumba zetu zinagawana ukuta wa mbao, kwa hiyo yaliyofuata niliyasikia, sikuyatafuta. Alimwita mumewe, akamwambia kwamba watu wanasema barabara ya Bunagana inaharibika kwa sababu mashofele wanabeba mizigo vibaya. Uongo mtupu, na alijua.

Kiti kikalia sakafuni.

"Nani alikudanganya?" Evariste akauliza, polepole. "Ile barabara, wacha nikuelezee."

Nikasikia Marcelline akifunga dirisha. Kisha boksi likawashwa, muziki wa mpira ukapandishwa mpaka mwisho, bila mlio hata mmoja wa manette. Chini ya muziki ule ilikuwa sauti ya Evariste, kwanza barabara, kisha mabosi, kisha wenye bunduki wenyewe kwa majina yao. Mkewe, ambaye miaka yote alikuwa akimkatiza, hakumkatiza.

Nikamwambia Buhendwa naye aongeze sauti ya redio yetu.