Mwendo wa Kuni Hadi Ziwani

Nina mfereji kichwani. Pitisha kidole juu ya paji langu la uso, pale nywele zinapoanzia, utauhisi umelala kutoka upande huu hadi upande ule. Daktari mmoja kijana pale Nkubu aliwahi kuniuliza kama niliwahi kupigwa. Nikamwambia ndiyo, nilipigwa na kuni. Mkanda wa ngozi ndio uliouchimba, miaka hamsini ya kubeba kuni, maji, viazi na nyasi ya ng'ombe, mzigo mgongoni na mkanda kichwani, kama tulivyofundishwa sisi wasichana wa Embu, na kama nilivyowakuta wanawake wa Meru wakifanya nilipoolewa huku. Siuonei haya. Ndio cheti changu, maana kile cha shule sikukipata. Niliishia darasa la tatu.

Mzee wangu, Mungu amlaze pema, alikuwa akibeba mizigo ya wazungu mlimani. Akirudi nilimfulia soksi zenye matope meusi ambayo sijayaona kwenye shamba la mtu yeyote, na yeye amekaa jikoni anakula, ananieleza habari za ziwa lililo huko ndani ya mbuga, juu ya msitu, juu ya mianzi, mahali ambapo hata miti imechoka kukua. Alisema ukisimama ufukoni huoni ng'ambo. Nikimwambia anipeleke, anacheka.

"Mwanamke hafiki kule. Mlima utakurudisha."

Na mimi niliyekuwa nimetoka msituni siku hiyo hiyo na mzigo mzito kuliko wake, nilimwamini. Hilo ndilo liliniuma miaka yote, kwamba nilimwamini.

Sasa, mwanangu wa kiume ana binti, mzaliwa wake wa kwanza, kwa hivyo kwa desturi yetu binti huyo amebeba jina langu. Mimi humwita wajina. Amesomea kazi ya kuongoza wageni mlimani na karatasi zake za serikali anazo. Huchukua watu wachache tu, wasizidi sita, anaondoka nao alfajiri na jioni amewarudisha makwao. Anawapeleka wapi? Kwenye ziwa lile lile la mzee wangu. Msichana wa nyumba yangu, anakwenda huko kama mimi ninavyokwenda sokoni. Siku moja alikuja kunisalimu, tukawa tunakunywa chai, nikamwambia, "Niandike."

"Nikuandike wapi, cucu?" akauliza, maana ndivyo tunavyomwita bibi kwetu.

"Kwa hiyo safari yako ya Jumamosi."

Alicheka mpaka chai ikamtokea puani. Kisha akaona mimi sicheki.

"Cucu, hii si kwenda Makutano kununua viatu. Ni kupanda kwa muda wa saa tatu na nusu. Na kule juu hewa ni kidogo."

"Mimi hewa naitumia kidogo. Niandike."

Aliniandika, lakini alinisomea sheria kama hakimu. Saa sita kamili ya mchana, mahali popote mtakapokuwa, hata kama ziwa limebaki hatua ishirini, mnageuka, kwa sababu alasiri mvua na ukungu hushuka pamoja. Na kiongozi akiwa mmoja, kikundi hakigawanywi. Akichoka mmoja wanageuka wote.

"Ukichoka wewe, wale wengine watalikosa ziwa kwa sababu ya cucu yangu. Nitawaambia nini?"

"Waambie cucu yako alikufa. Maana mimi nikiwa hai sigeuki."

"Utageuka," akasema, na uso aliousemea ulikuwa wangu kabisa.  Nani atabishana na uso wake mwenyewe?

Jumamosi tulitoka Nkubu saa kumi na moja alfajiri. Wageni tulikuwa wanne. Walikuwepo walimu wawili wa kike kutoka Embu, watu wazima, marafiki, na kijana mmoja wa benki kutoka Makutano, mwenye buti mpya zinazonuka duka na saa ya mkononi inayohesabu mapigo ya moyo. Wa nne mimi, na gumbuti zangu, sweta mbili, na kitambaa kichwani. Yule kijana aliniona nikipanda gari akamwuliza wajina, kwa lile neno la vijana wa mjini la kumwita bibi, "Na huyu shosho tunamshushia wapi?"

"Pale pale watakapokushushia wewe," nikamjibu. Walimu wakacheka, naye akaangalia saa yake.

Kwetu mtu haendi mahali mikono mitupu. Hata kama hujui mwenyeji ni nani, unabeba kitu. Kwa hivyo nilikuwa na kiondo kilichojaa nduma za kuchemsha, viazi vitamu, bakuli la mukimo wa viazi na mahindi yaliyopondwa, mayai, na uji kwenye chupa ya chai. Tulipofika kwenye geti la mbuga, mahali ambapo gari lilibaki kwa sababu mbele ni matope, wajina alijaribu kukiinua akaguna.

"Cucu, unakwenda kulisha nani?"

"Hawa. Wewe umewabebea nini?"

"Sandwichi."

"Mkate katikati ya mkate. Hicho ni chakula cha kupelekea mgonjwa."

Alitaka nusu ibaki garini. Nilikataa. Akasema basi angalau nisibebe kiondo, nibebe kama watu wa mlimani. Akahamisha kila kitu kwenye begi la mgongoni lenye vifungo kama vya hatamu ya punda, akanipa na fimbo mbili za chuma. Tukaanza saa mbili na robo.

Lile begi lilikuwa adui. Lilinivuta mabega nyuma kama mtu anayeniita nisiende. Fimbo zilinikwaza. Kifua kilibana, nikawa napumua kama mbwa wakati wa jua. Njia yenyewe ilikuwa nzuri, njia pana tu iliyo na kinyesi cha ndovu, lakini nilikuwa nasimama kila baada ya hatua thelathini. Kijana wa benki alikuwa anakimbia mbele, anakaa juu ya jiwe, anajipiga picha, anatungoja, kisha anakimbia tena.

"Shosho," akaniambia nilipomfikia, "pole pole ndio mwendo, lakini si pole namna hii."

Sikuwa na pumzi ya kumjibu. Kwa mtu kama mimi, huo ni ugonjwa.

Saa nne wajina alisimama kando yangu. Aliwaacha wengine watangulie kidogo, akanena kwa Kimeru, kwa sauti ya chini. "Cucu, kwa mwendo huu tutafika saa saba."

"Kwa hivyo?"

"Kwa hivyo hatutafika."

Hakunikasirikia, na hapo ndipo paliponichoma. Alinishika mkono kwa upole, kama unavyomshika mzee. Nikamsikia mzee wangu kule jikoni, na kijiko mdomoni, akisema mlima utakurudisha. Nikajiambia, haurudishi mtu, ni hili begi.

"Nishikie," nikamwambia, nikalitua. Mkanda wangu wa ngozi nilikuwa nimeufunga kiunoni kushikilia sketi, kama ninavyofanya kila siku. Niliufungua. Nikaupitisha kwenye vishikio vya begi, nikafunga fundo letu, nikalilaza chini kabisa mgongoni, nikauingiza mkanda kwenye mfereji wake. Mabega yakawa huru. Fimbo za chuma nikazirudisha.

"Cucu, watu wataniona nimekubebesha!"

"Watu gani? Nyati?"

Sasa niwaambie juu ya mwendo wa kuni, maana vijana wa siku hizi wanafikiri kutembea ni miguu. Unainama kidogo, mzigo unakusukuma mbele badala ya kukuvuta nyuma. Macho hayaangalii kilele. Yanaangalia pale mguu utakapokanyaga, basi. Hatua ni fupi, fupi mpaka unaona aibu. Lakini husimami. Na hukai, hata siku moja, kwa sababu ukikaa na mzigo, nani atakuinulia? Ukichoka sana unaegemea ukingo wa njia na mzigo wako, ukingo unakubebea, unavuta pumzi kumi, unakwenda. Hewa inaingia kwa pua na kutoka kwenye meno kwa mluzi mdogo. Zamani mtu alisikia wanawake wakitoka msituni kabla ya kuwaona, tunalia kama birika kumi zilizochemka.

Nilianza kulia kama birika. Nikawapita walimu. "Haiya!" mmoja akasema, kisha nikasikia nyayo zao zikijipanga nyuma yangu. Tukapita miti mikubwa yenye ndevu za kijivu, tukaingia kwenye nyasi ngumu zinazoota mafungu mafungu kama vichwa vya watoto wasiochanwa. Wengine wangewaeleza mandhari yote. Mimi nawaambia ukweli, niliona gumbuti zangu, kushoto na kulia, na zilikuwa zinapendeza.

Saa tano na dakika kumi tulimkuta kijana wa benki amekaa kando ya njia. Alikuwa na rangi ya majivu. Alikimbia, akakaa, akakimbia, akakaa, na buti mpya zikamla visigino.

"Nimekwisha," akasema. "Nyinyi endeni, mtanikuta hapa."

"Mimi siachi mtu," wajina akamjibu. Akampigia magoti, akamwuliza kichwa kinauma? Hapana. Anasikia kutapika? Hapana. Akamtazama machoni, akamwambia asimame kwa mguu mmoja, akasimama. Akambandika plasta visiginoni. Kisha akaangalia saa. "Dakika tano. Ukishindwa, tunageuka sisi sote."

Jamani. Mlima umenishindwa, begi limenishindwa, nirudishwe na kijana wa benki? Nitasema kweli, nilitamani kumchapa na fimbo zile za chuma. Badala yake nilitua mzigo, nikamenya nduma, nikammiminia uji.

"Kula. Una mama?"

"Ninaye, shosho."

"Alikubeba mgongoni ukiwa mtoto?"

"Ndiyo."

"Na mzigo mwingine juu yako?"

Akafikiri. "Nakumbuka ndizi."

"Alikuwa akikaa njiani akisema amekwisha?"

Walimu wakageuza nyuso kando wasicheke. Kijana akamaliza nduma, akaomba nyingine. Nikampa.

"Utatembea nyuma yangu. Pale nitakapoinua mguu, wewe ndipo uweke wako. Usiulize ziwa liko wapi. Na hicho kidude cha mkononi kinachokuambia umechoka, kitie mfukoni."

Akakitia mfukoni. Akasimama. Mimi nikageuka nimwachie wajina nafasi ya mbele, maana ndiye kiongozi, lakini hakuja. Alikuwa ananiangalia kwa namna ambayo sijawahi kumwona akiniangalia.

"Njia ni moja, cucu. Tangulia. Mimi nitafunga nyuma."

Wajina wangu, mwenye karatasi za serikali, alinipa mimi njia. Niliushika mkanda pande zote mbili, nikainama.

Tulipanda. Mwanzo nilisikia mluzi wangu peke yake, kisha wa kijana, umekosea kosea, kisha ya walimu. Ukungu ukaja ukatufunika nikawa sioni hatua tatu mbele, ukaondoka, ukaja tena. Mara moja kijana akasimama. "Egemea ukingo!" nikamwambia bila kugeuka. "Pumzi kumi!" Nikamsikia akizihesabu kama mtoto wa chekechea, na ya kumi ilipotoka, miguu ikaanza. Moyo wangu ulikuwa unapiga ngoma ya arusi. Sikuomba Mungu anifikishe, nilikuwa na shughuli. Nilihesabu hatua mia, nikaanza mia nyingine.

Halafu mlima ukaisha chini ya miguu. Nilikanyaga nikitarajia kupanda, nikakuta ardhi iko sawa. Nikainua kichwa.

Maji. Meusi kwa upande wa kivuli, buluu pale jua lilipoyapata, na upepo ukiyakunja kama shuka unayoitandika. Baridi iliniingia menoni. Na ng'ambo? Ng'ambo niliiona vizuri kabisa, na mawe yake, na ndege aliyekuwa amesimama juu ya jiwe! Mzee wangu alikuwa mwongo mkubwa. Nilicheka peke yangu pale, mkanda bado kichwani, nikapiga vigelegele mpaka vikagonga miamba vikanirudia. Walimu wakavidaka. Kijana wa benki alijaribu, akatoa sauti ya mbuzi.

"Saa sita kasoro dakika kumi na mbili!" wajina akaita. Alikuwa ametugeuzia mgongo na anajipangusa uso kwa kofia. Nilimwacha. Kiongozi hatazamwi akilia.

Nilitandaza leso juu ya mwamba nikawalisha. Walikula mukimo kwa mikono, wakasahau picha. Sandwichi zilibaki kwenye mfuko. Kijana alikula nduma nne na mayai mawili, na mara hii aliponiomba uji aliniita cucu. Saa sita wajina akasema tunageuka, na hakuna aliyebisha.

Mvua ilitukuta kwenye miti ya ndevu tukashuka tumelowa chapachapa. Magoti yaliniuma, nililala kitandani siku mbili nikipakwa dawa, sitaki kudanganya. Siku ya tatu nilikuwa shambani.

Jumapili iliyofuata niliwasimulia akina mama wa kanisani, na hapo ndipo nilipojitafutia kazi. Sasa wako kumi na mmoja. Kila Alhamisi tunapanda pamoja mteremko wa mashamba ya chai, kila mmoja na mkanda wake na debe la viazi mgongoni, na watu wa pikipiki wanatupisha njia. Wajina ametuandika sote kwa safari ya ziwani, ametafuta na kiongozi wa pili ili tugawanywe makundi mawili. Jana mmoja alinivuta kando akaniuliza, mzee wake akimkataza, amwambie nini.

Nikamwambia asimwambie neno. Ampikie, afunike sufuria vizuri, atoke kabla mzee hajaamka.