Dali Chini ya Be

Baba alinipigia simu kutoka Pemba kunieleza kwamba akirudi Umra ndege yake itapitia Doha, na kwamba ameomba akae siku mbili. Nikafurahi, nikaanza kumwambia nitakavyompokea. Akanikatiza. "Sikuji kutembea. Nakuja kuutazama ule ukurasa."

Mdomo wangu ndio uliomwita. Wakati ule, Lusail, mji mpya kando ya Doha, ikiwa bado vumbi na winchi, nilikuwa mhudumu katika jumba moja la maonyesho. Kazi yangu ilikuwa kusimama kutwa kwenye baridi ya kiyoyozi na kuwaambia watu wasiguse vioo. Mwaka huo tulikuwa na maonyesho ya elimu ya kupima maumbo: Wayunani wa kale waliiandika, Waarabu wakaifasiri, kisha Wazungu wa Kilatini wakaipokea kutoka kwa Waarabu. Katika kabati moja la kioo vililala vitabu viwili, cha Kiarabu na cha Kilatini, vyote vimefunguliwa penye umbo lile lile. Pembetatu, na kila ubavu umebeba mraba wake, na herufi kwenye pembe. Siku niliyouona ukurasa ule wa Kiarabu mimi mwenyewe niligusa kioo, kwa sababu umbo lile nililijua tangu utotoni. Baba alikuwa akiliandika kwa zafarani kwenye sahani nyeupe.

Baba ni mwalimu wa chuo, yaani chuo cha Kurani, na watu walimjia kutaka kombe. Huandika kwa zafarani, maandishi yakaoshwa kwa marashi, mgonjwa akayanywa. Umbo hili lilikuwa la wanawake wenye uchungu wa kuzaa. Alifundishwa na mwalimu wake, mkono kwa mkono, michoro na herufi tu, bila neno la maelezo.

Alimwandikia na mama. Gari la kumpeleka hospitali lilikuwa limeshafika uani, majirani wamemtandikia godoro nyuma. Baba akasema anywe kwanza, tusubiri limfungue. Sahani niliishika mimi. Tukasubiri mpaka alasiri, na mama akafariki, yeye na mtoto.

Tangu hapo baba hakumwandikia mtu tena umbo lile. Alijishikilia kwenye jambo moja. Alikumbuka vizuri kwamba siku ile aliiweka herufi ya dali chini ya be. Asichokuwa na hakika nacho ni kama ndivyo alivyofundishwa, au dali ilitakiwa iwe chini ya jimu. Mwalimu wake alikwisha kufa, wa kumuuliza hakuna. Basi akajihukumu mwenyewe: herufi niliikosea, ndiyo maana dawa haikufanya kazi. Nilipomsimulia kwa simu kwamba umbo lake nimeliona Doha, kitabuni, alinifanya nirudie mara tatu.

Alifika kwenye maonyesho na kanzu iliyogeuka manjano, kandambili, na dumu la Zamzam ambalo hakukubali kuliacha kwa dereva mmoja wa kwetu Pemba, aliyempa malazi kwake Umm Salal, nje ya Doha. Nami kazini nilikuwa nimezoea kusema baba yangu ni mwalimu, nikaacha watu wajichoree mtu wa suti na chaki. Mlinzi wetu, Mkenya, akanivuta pembeni. "Siste, mzee wako anabonga kwa nguvu, ni kama ako msikitini!" Nilicheka naye, huku masikio yanawaka. Hasira zangu ziko karibu siku zote, na siku hiyo zilikuwa kwa baba. Kwa nini asiseme polepole? Kwa nini dumu?

Mama wa Kizungu aliyesimamia maonyesho alikuja kutusalimia. Alikuwa mtu mwema na alikipenda kile kitabu cha Kilatini kama mwanawe. Kila mgeni alionyeshwa kwamba herufi za pembeni zilikuwa A, B, G, D, si A, B, C, D, kwa kuwa Mlatini yule alizifuata alifu, be, jimu, dali za Mwarabu, na Mwarabu naye alikuwa amezifuata za Myunani. Akaniuliza mzee anatafuta nini.

"Mwambie hii ni kombe ya wazazi, wenye uchungu," baba akasema, na ukumbi mzima ukageuka. "Mwambie mimi nimeiandika miaka."

Nilitamani ardhi ipasuke inimeze. Nikafasiri kwa sauti ya chini, nikiomba yule mama asisikie vizuri. Akasikia. Akacheka, si kwa ubaya, lakini akacheka, na nikaona aibu mpaka kwenye vidole.

Baba hakumjali. Aliinama juu ya kioo, kidole kikatembea hewani. Alifu. Be. Jimu. Kisha kikashuka polepole, kikasimama.

"Dali chini ya be," akasema. "Unaiona? Chini ya be! Mwanangu, sikukosea."

Uso wake sijapata kuuona vile tangu nilipokuwa mdogo. Hata mimi nilisahau watu, nikamshika mkono. Yule mama, kwa kuona furaha ile, akasema kama mzee anajua kusoma Kiarabu, basi asome maandishi yaliyo chini ya umbo. Nikamfasiria. Laiti ningekuwa nimekwenda chooni wakati huo.

Akatoa miwani. Kiarabu cha kuongea dukani hakijui, lakini cha vitabuni kinamtii. Alianza kwa sauti yake ile ile, mistari mitatu, minne. Mraba wa ubavu ule mrefu ni sawa na miraba ya mbavu mbili ikijumlishwa. Tunaanza kwa kuchora mstari. Kadiri alivyosoma ndivyo sauti ilivyopungua, mwisho midomo ikawa inacheza tu. Akarudi juu, akasoma tena.

"Hii hesabu," akasema.

"Ndiyo, baba."

"Ya kuzaa iko wapi?"

"Haipo, baba. Ni hesabu yote."

Yule mama alikuwa ameshanielewa sasa, na macho yalimng'aa. Umbo la Myunani limefika Pemba! Alitaka kujua limefikaje, nani alimfundisha, kama mzee atakubali arekodiwe. Akakimbilia kalamu. Alisema ni hazina, nimfasirie hivyo hivyo, hazina.

"Amefurahi, baba," nikasema.

"Kafurahia nini?"

Nilikuwa nikiona haya kwa kanzu, kwa dumu, kwa sauti, na sauti yenyewe sasa haikuwapo. Niliona haya ya kuona haya, na hiyo ilikuwa mbaya kuliko zote. Baba alivua miwani akaitazama mikono yake, ile aliyoisingizia miaka yote.

"Kumbe niliandika sawasawa," akasema taratibu. "Na gari lilikuwa uani. Basi mwanangu, siku ile tulikuwa tukisubiri nini?"

Yule mama alisimama na kalamu yake, anatabasamu, akaniuliza mzee kasema nini.

Nikamwambia anaomba maji. Akaletewa. Baba alikishika kikombe kile kwa mikono miwili mpaka tulipotoka, na hakunywa.