Theluji ya Juni Kwenye Mlango wa Magharibi

Tarehe 1 Oktoba 1946, katika daftari la karakana ya mawe ya kanisa kuu la Ledminster, yaliandikwa majina mawili ya wanagenzi kwa mwandiko mmoja: Wilfred Oakden, miaka kumi na minne, na Leonard Pask, miaka kumi na minne na miezi miwili. Daftari lipo hadi leo, na anayeomba kwa adabu huonyeshwa ukurasa wenyewe.

Siku hiyohiyo msimamizi wa waashi, mzee aliyeitwa Garland, aliwateremsha hadi chumba cha chini ya kanisa, ambamo watawa wa kale waliweka nyama ya chumvi. Ukuta mmoja ulikuwa umelika kama mkate uliopitiwa na panya. Garland akawaambia walambe jiwe.

"Mzee, kuna uchafu hapo," Len alisema.

"Lamba."

Wakalamba. Watawa walifukuzwa miaka mia nne kabla, lakini chumvi yao ilikuwa bado imo. Garland aliwaeleza mara moja tu. Maji huyeyusha chumvi na jiwe la chokaa huyanywa. Jiwe likikauka, chumvi hurudi kuwa chembe, chembe hukua, na uso wa jiwe hubanduliwa kutoka ndani. Misimu mitatu ya baridi inatosha kumfuta mtakatifu sura.

Wilfred alibaki karakanani. Len aliondoka mwaka 1958 kwenda studio ya filamu karibu na London, kumwaga plasta kwenye kalibu kwa mshahara uliokuwa mara mbili ya ule wa jiwe. Tangu hapo waashi wa Ledminster walimwita Plasta. Yeye naye alimwita Wilfred Askofu, kwa jinsi alivyotembea, na kwa jinsi alivyofikiri kwanza hata akiulizwa kama anataka chai. Len ndiye aliyesimama kando ya Wilfred siku alipomwoa Beryl. Kila Agosti familia hizo mbili zilikwenda ufukweni pamoja, wiki moja, nyumba moja, vyumba vilevile.

Mwaka 1969 Wilfred alianza kazi ya mlango wa magharibi. Sehemu yake ya chini ilikuwa imechakaa kwa moshi na mvua, na alibadilisha mawe thelathini na moja, moja moja, kwa miaka tisa. Alichonga mwokaji mikate, nguruwe anayepiga zumari, mwanamke anayemvuta mumewe sikio. Ilipokamilika alifanywa msimamizi wa waashi, kiti alichowahi kukalia Garland.

Ledminster imezoea filamu. Kanisa lake limeshakuwa kanisa la miji mingine mara nne, na wakazi wa mtaa wa Priorgate, unaoteremka kutoka mlango huo, hawahitaji kuelekezwa. Kampuni ikifika, antena zinashushwa, magari yanahamishwa, mistari ya njano ya barabarani inafunikwa kwa mikeka ya mpira iliyochongwa mfano wa mawe, na mwenye bucha anakubali kwa wiki moja kuwa mtengeneza mishumaa. Halmashauri ya kanisa ina sharti moja tu kuhusu mlango: hakuna kitu kitakachowekwa juu yake bila neno la msimamizi wa waashi.

Kampuni ya mwaka huu, 1984, ilitaka Krismasi ya karne iliyopita, na ilitaka kuipiga picha mwezi Juni. Msimamizi wake wa theluji alikuwa Len Pask. Jumatatu tarehe 14 Mei alibisha mlango wa jikoni kwa akina Oakden, mkononi ana mfuko wa karatasi.

"Shemeji, nimekuletea theluji."

"Itie kwenye friji kabla haijanichafulia sakafu," Beryl alisema.

"Hii haiyeyuki. Karatasi tupu, imesagwa."

Wilfred alichukua konzi, akatia mdomoni, akatafuna.

"Mtazame. Hata mimi haniamini," Len alimwambia Beryl.

"Wewe nakuamini," Wilfred alisema. "Ulimi ndio hauna rafiki."

"Askofu huyu akifika mbinguni ataomba kwanza aonje wingu."

Beryl alicheka hadi akaweka birika chini. Wilfred alimeza, akauliza, "Ni hii tu? Ngazini na mlangoni?"

"Hii tu. Theluji iko chini yangu, Wilf. Na ukuta ule nililamba kama wewe."

Alhamisi iliyofuata Wilfred alisimama mbele ya halmashauri akatoa idhini. Karani aliandika maneno yake kama alivyoyasema: "Ni karatasi. Namjua anayeileta."

Wiki ya upigaji picha Len alikuja na zawadi. Alikuwa amewaombea Wilfred na Beryl nafasi katika kundi la wapita njia. Asubuhi ya Jumanne tarehe 12 Juni walivalishwa makoti mazito ya sufu, Wilfred akapewa kofia ndefu, Beryl akapewa kikapu cha mikate ya nta. Len mwenyewe aliwasindikiza hadi mwisho wa chini wa Priorgate, pale mtaa unapokata kona na kanisa halionekani.

"Kaeni huku. Kamera itawapenda huku."

Walipita hatua thelathini zilezile mara kumi na tisa, karatasi ikiwaangukia mabegani na jasho likiwatoka chini ya sufu. Msichana mwenye kipaza sauti alimtaka Wilfred atembee kama mtu anayesikia baridi.

"Nitembeeje?"

"Polepole, mzee, umejikunyata, kama miguu inauma."

"Basi usimguse," Beryl alisema. "Huyo ndivyo alivyo Januari hadi Desemba."

Mpiga picha wa gazeti la mji aliwapiga picha wakicheka. Saa kumi na moja jioni waliruhusiwa. Wilfred alirudisha koti, akapanda mtaa kwenda kutazama mlango wake.

Maji aliyasikia kabla ya kuyaona. Wanaume wanne walikuwa ngazini na mipira ya maji, wakiosha. Kwenye pembe ambazo walikuwa hawajazifikia kulikuwa bado na theluji, na haikufanana na ile ya chini. Hii iling'aa. Ilikuwa imerundikwa hadi kimo cha mtu kwenye nguzo zote mbili za mlango. Wilfred aliinama, akaokota kidogo, akaweka kwenye ulimi.

"Fungeni maji."

"Tunamalizia, mzee."

"Fungeni sasa hivi."

"Tulia basi, tunawasafishia kanisa lenu. Tumeahidi kuacha pasafi, na pasafi utapaona."

Hawakuwa na ubaya. Walikuwa wameambiwa wasafishe, na wakasafisha kwa bidii. Kama wangefagia pakiwa pakavu, sehemu kubwa ya chumvi ingeondoka kwa ufagio na brashi. Walikuwa wameosha kwa saa mbili. Mwokaji, nguruwe na mwanamke mwenye hasira walikuwa wakichuruzika, na jiwe limebadilika rangi likawa kama asali, kama linavyokuwa likishashiba. Wilfred alikwenda mwenyewe ukutani akafunga bomba.

Kando ya lori kulikuwa na magunia arobaini matupu, yamekunjwa vizuri. Kila moja lilikuwa na kibandiko cha tarehe ya kuagizwa. Alisoma kimoja, kisha vingine vitano. Vyote vilisema 9 Mei. Ilikuwa siku tano kabla ya Len kuja jikoni.

Len alikuwa kwenye hema la chakula, anakula pai ya nguruwe.

"Chumvi, Len."

Len hakujifanya kushangaa. "Karatasi haing'ai kwenye taa. Mwongozaji alitaka mlango ung'ae."

"Iliagizwa tarehe tisa."

"Ndiyo."

"Tarehe kumi na nne ulikuwa jikoni kwangu."

"Kaa chini, Wilf. Watu wanatazama."

"Ungeniambia."

"Ungekataa."

"Ningekataa."

"Basi unajua kwa nini sikukwambia." Len aliweka uma chini. "Wangehamia mji mwingine, na mimi ningerudi nyumbani. Nina miaka hamsini na mmoja. Kule wananiita babu. Theluji yangu ikikataliwa, hawatafuti mlango mwingine, wanatafuta mtu mwingine wa theluji."

"Ndiyo maana ukatuvalisha makoti."

Len alitazama sahani. "Beryl alifurahi."

"Usimtaje Beryl."

"Sikia. Nitakuja nipige kalibu ya mlango wote, jiwe kwa jiwe, bure. Likiharibika hata moja, nakala ipo."

"Ya plasta."

"Ya plasta. Ukisimama hatua kumi hakuna atakayejua."

Wilfred alitoka hemani. Hawajazungumza tena.

Kesho yake alikwenda mwenyewe kwa mkuu wa kanisa, Dokta Amery, kabla hajaitwa. Mkuu alikuwa na barua ya kampuni mezani. Mkataba ulitaja "theluji ya kuigiza" na haukusema imetengenezwa kwa nini.

"Wanasema walipata idhini ya msimamizi wa waashi," mkuu alisema. "Na kumbukumbu zetu zinasema hivyohivyo."

"Nilitoa idhini ya karatasi."

"Ulisema unamjua anayeileta."

"Nilisema."

"Je, ulimjua?"

"Hapana," alisema.

Ijumaa gazeti lilitoka na ile picha: Wilfred na kofia ndefu, Beryl na kikapu, vinywa wazi kwa kicheko. Habari ya chumvi ilikuwa ukurasa uleule, chini yake. Mji ulisoma viwili hivyo pamoja ukafanya hesabu yake. Jumamosi, buchani, mwenye bucha alimkatia Beryl nyama bila kumtazama, kisha akasema, "Mwigizaji wetu hajambo? Mngetutajia bei mapema, maana sisi hatukujua mlango unauzwa kwa kofia."

Beryl aliacha nyama kaunta. Nyumbani alishika simu.

"Nampigia Vera. Ajue mumewe ni mtu gani."

"Vera anamjua," Wilfred alisema.

"Na mimi nilidhani namjua. Miaka ishirini na sita nimempikia." Alirudisha simu mahali pake. "Nikavaa lile koti, Wilf. Nikamshukuru. Nilimbusu shavuni kwa ajili ya lile koti."

Wilfred alikwenda kuchemsha maji ya chai.

Alhamisi tarehe 28 Juni halmashauri ilikaa. Wajumbe wawili walipendekeza iandikwe kwamba msimamizi alidanganywa. Wilfred alikataa. Aliwaambia kwamba sharti linataka neno lake, na neno alilolitoa lilikuwa la uongo, awe alijua au hakujua. Walipiga kura akaondolewa usimamizi, akabaki mwashi wa kawaida. Aliomba jambo moja, kwamba kazi ya kutoa chumvi asipewe mtu mwingine, na wakakubali. Wataalamu waliofika kupima wanasema kiasi fulani kitatoka. Kilichokwisha kuingia ndani kabisa hakitatoka, na ni mawe gani yatakayoumia watajua baada ya majira ya baridi ya pili au ya tatu.

Filamu itaonyeshwa Desemba. Barua ya mwaliko wa onyesho la kwanza, watu wawili, ilifika nyumbani kwa akina Oakden na jina la Len nyuma ya bahasha kama mtumaji. Beryl aliirudisha kwa posta siku ileile.

Jumatatu tarehe 2 Julai, saa moja na nusu asubuhi, Wilfred Oakden ataripoti kwa msimamizi mpya, anayehamia kutoka kanisa la mji mwingine. Ataanza na jiwe la chini kabisa upande wa kushoto, atalilowesha, na kulibandika udongo mweupe uliokandwa na mchanga, ambao ukikauka huvuta chumvi kutoka ndani ya jiwe. Baada ya wiki tatu udongo huo utabanduliwa na kutupwa, na mwingine utabandikwa mahali palepale.