Tangazo la Wanyama Mia Moja na Kumi na Tatu

Nikisema nimewahi kupelekwa kwa Bwana Nyama, yule ofisa wa wanyamapori, nimekaa nyuma ya Landrova katikati ya askari wawili wenye bunduki, tena mbele ya jumuiya nzima ya sala ya mama yangu, watu hudhani natia chumvi, na mimi natamani sana ingekuwa chumvi. Ni aibu ambayo hadi leo nikipita mtaani kwetu Shanwe, Mpanda, kuna wamama wananiangalia halafu wanaangaliana. Nitaisimulia yote, hata zile sehemu ambazo mama aliniomba nisizisimulie (samahani mama).

Ilikuwa mwaka tisini na tisa. Nilikuwa nimemaliza kidato cha nne niko nyumbani nasubiri matokeo, na mtu anayesubiri matokeo nyie mnamjua, hana kazi na hana likizo, yupo yupo tu. Baba yangu, Mzee Sikazwe, alikuwa mpishi wa wahandisi waliokuja kupima barabara, na walipofunga kambi mmoja wao akampa kagemu ka mkononi alikokaacha mtoto wake, kana kioo kidogo chenye rangi ya maji ya mboga, kana waya wake na kaseti moja imechomekwa mgongoni. Baba akaniletea mimi. "Wewe Edita ndiye unayejua Kiingereza," akasema, "hebu angalia kama hii ni redio."

Haikuwa redio. Ulikuwa mchezo wa kukamata wanyama, lakini siyo hawa wa kwetu, wale walikuwa madubwana ambayo hata Mungu hakuyaumba, popo wa barafu, konokono mwenye radi, na wewe unatoka kwenu na wavu begani unapita misitu na mapango, unawatupia wavu, unawalea, unawafundisha kupigana mpaka siku unakutana na mabingwa watano. Ilinichukua miezi minne. Betri zikiisha nilizianika juani juu ya bati zikapata nguvu za nusu saa nyingine, na hiyo nusu saa niliitumia kama mtu anayetumia maji ya safari. Kisha siku moja, saa tano asubuhi, nikampiga bingwa wa tano. Muziki ukabadilika, majina ya waliotengeneza yakapita, likaja neno la mwisho, na mimi nikalia kidogo (kidogo tu). Nikaenda kumwambia mama, alikuwa anapepeta mchele, naye akasema, "Kama limekwisha basi kachote maji."

Wengi wangeishia hapo. Mimi kesho yake nikawasha tena, na hapo ndipo nilipogundua kwamba kumaliza hadithi ya gemu siyo kumaliza gemu. Wale mabingwa walikuwa wamerudi wakiwa na wanyama wakali zaidi, wananisubiri. Pango lililokuwa limefungwa tangu mwanzo likawa wazi, na ndani yake inasemekana amelala mnyama mkubwa kuliko wote, mmoja tu, ukimuua kwa bahati mbaya ndiyo basi hutampata tena. Na yule profesa wa ndani ya gemu aliyenipa daftari la kuandikishia wanyama akaniambia, una mia moja na kumi na tatu, wapo mia moja na ishirini, ukiwatimiza wote nitakupa cheti. Sasa hebu fikiria. Mimi nilikuwa nasubiri cheti kimoja ambacho sikuwa na uhakika nacho, kwa sababu hesabu nilizifanya ninavyojua mwenyewe, halafu hapa kuna cheti kingine ambacho kipo mikononi mwangu kabisa. Nilisema hiki sikiachi.

Katika wale saba, mmoja ndiye yule wa pangoni. Sita waliobaki nikaambiwa hawapo kabisa kwenye kaseti yangu, lazima nimpate mtu mwenye mashine kama yangu, tuunganishe kwa waya, tubadilishane. Mpanda nzima nilikuwa sijamwona mtu wa namna hiyo. Lakini rafiki yangu Leokadia, aliyekuwa anasuka nywele sokoni, akaniambia mteja wake mmoja kutoka Kibaoni amesema huko kwao kuna mwanamume anabonyezabonyeza kitu kama hicho, jina halijui.

Ningeweza kungoja. Ningeweza kumtuma huyo mteja aulize. Badala yake nikakata karatasi mbili za daftari nikaandika tangazo, moja nikabandika ukutani pale yanapoondokea mabasi, nyingine nikampa kondakta akaibandike sokoni Kibaoni. Nalikumbuka neno kwa neno:

"Nina wanyama 113 walio hai na wenye afya. Nimebakiza saba tu. Mwenye nao aje tubadilishane. Siuzi. Njoo Shanwe, ulizia kwa Mzee Sikazwe mpishi. Njoo na mashine yako, waya ninao."

Nililisoma mara tatu nikaona liko safi. Hata nukta niliweka. (Kwa wasiojua mambo ya huku, mbuga iko karibu, na wezi wa wanyama hutega kwa waya. Na mashine, kwa wale watu, ni bunduki. Na penye nyama ya wizi, mpishi ni mpishi.)

Jumamosi iliyofuata jumuiya ilikuwa inasali kwetu. Wamama kama ishirini wamekaa uani kwenye mikeka, mwenyekiti wao Mama Tekla ndiye anaongoza, mwanamke mwenye sauti ambayo akianzisha wimbo kuku wanatoka nje ya boma. Baba amekaa kwenye kigoda mlangoni. Mimi nilitakiwa niwe nachemsha chai, na chai ilikuwa inachemka kweli, ila mimi nilikuwa chumbani, maana siku hiyo ndiyo nilikuwa nimefika mwisho wa pango na yule mnyama mkubwa ameamka. Nikapigana naye. Nikatupa nyavu, anazichana. Nikabaki na wavu mmoja, na kale kataa kadogo ka betri kameanza kufifia.

Nilisikia gari likisimama. Nikasikia wimbo umekatika katikati ya ubeti, kitu ambacho kwa Mama Tekla hakijawahi kutokea. Nikasikia sauti ya kiume inamuuliza baba, "Wewe ndiye Sikazwe mpishi?" na baba anaitikia. Nilidhani ni wageni wa kambi ya zamani wamekuja kumsalimia. Mama akaniita, "We Edita." Nikajibu, "Nakuja mama, subirini kidogo." Akaniita tena. Baba yangu alikuwa ameshikwa mkono mbele ya watu, na mimi nasema subirini kidogo. Hilo ndilo linaloniuma mpaka leo kuliko mengine yote.

Nikatupa wavu wa mwisho. Ukatikisika mara moja, mara mbili, mara tatu, ukatulia.

Nikatoka mbio mpaka uani na mikono juu, nikasema kwa sauti yangu yote, "Nimemkamata. Nimemkamata mkubwa wao, alikuwa pangoni."

Ndipo nikawaona askari wawili wenye bunduki, na katikati yao mwanamume mnene wa makamo aliyevaa kaki, Bwana Nyama mwenyewe, ameshika tangazo langu. Mkono wa baba uko mkononi mwa askari mmoja.

"Yuko wapi huyo mkubwa?" akaniuliza, taratibu kabisa.

"Yumo humu," nikasema, nikainua gemu. Na gemu likazimika.

Nilieleza. Nilieleza kwa Kiswahili, nikaeleza kwa mikono, nikamwonyesha waya, na kuonyesha waya kulizidisha shaka tu. Wakapekua nyumba, wakachungulia bandani, wakafunua sufuria ya mama wakakuta maharage. Bwana Nyama akasema hatapoteza muda na kitu kisichowaka, twende ofisini. Baba akapanda gari, kofia yake ameishika kifuani kama anayeingia kanisani. Nikapanda. Na Mama Tekla naye akapanda, hakuna aliyemwalika, akasema yeye ni mwenyekiti na anakwenda kumshuhudia Mzee Sikazwe kwamba ni mtu safi. Ndivyo tulivyopita sokoni mchana kweupe. Leokadia alikuwa ameshika kichwa cha mteja, nikamwona amekiachia.

Ofisini askari mmoja akatoa betri kwenye kiredio chake, nikazitia, gemu likawaka, na yule mkubwa bado yumo. Nilimshukuru Mungu mapema sana. Maana kuna jambo sijawaambia. Ule mchezo unakuruhusu kumpa kila mnyama jina lake, na mtu akikaa peke yake miezi minne na wanyama mia moja, majina yanamwishia, anaanza kuchukua ya watu anaowafahamu.

Bwana Nyama akavaa miwani, akavuta kiti karibu, akaanza kusoma orodha kwa sauti, kidole chake kikifuata. Leokadia, kipepeo. Kondakta, kima. Akafika pahali kidole kikasimama. Kisha akasoma, "Bwana Nyama. Nguruwe. Ngazi ya arobaini na mbili. Hali yake, amelala."

Askari mmoja akageukia dirishani akaangalia nje muda mrefu.

"Huyu ni mimi?"

Nilimwambia, shikamoo mzee, nisamehe, nilikuwa nakuona ukipita tu na gari. Akaendelea kusoma, nafikiri kwa kutafuta wenzake. "Mama Tekla," akasoma. "Chura."

Mama Tekla akasimama. "Chura?"

"Ni chura mwenye nguvu sana, mama," nikasema. "Akipiga kelele wenzake wote wanazirai."

Akafikiri. "Ngazi ya ngapi?"

"Hamsini na tisa."

"Na nguruwe ni arobaini na mbili," akasema, siyo kwa kuuliza, akakaa chini akatengeneza kanga yake, na sikuona dalili ya hasira tena.

Juu kabisa ya orodha kulikuwa na mnyama mmoja, ngazi ya themanini na nane. Bwana Nyama akamwacha wa mwisho. "Na huyu Sikazwe?"

Sikutaka kujibu hilo mbele ya baba. Lakini niliulizwa na ofisa. Nikasema huyo ndiye niliyeanza naye, ni ndama mwenye pembe za moto, mwanzoni alikuwa mnyonge kila mtu anampiga, na ndiye aliyewashinda mabingwa wote watano, wengine wote wakiwa wameanguka.

Baba akainuka akasogea karibu. Akanyoosha mkono. "Nipe nimwone," akasema. Akakiangalia kile kioo, akakisogeza mbali na macho, akakisogeza karibu. Akauliza, "Na huyu anakula nini?" Nikamwambia hali kitu. Akasema, "Basi siyo mpishi," na hapo Bwana Nyama akacheka, akacheka mpaka akavua miwani.

Hakutuachia hapo hapo lakini. Alisema atafunga faili akiona kwa macho yake mnyama anavyokamatwa bila waya. Kwa hiyo nikaingia msituni, ndani ya gemu, yeye na askari wake wameinama nyuma yangu wananipumulia shingoni, nikamkamata sungura mmoja mdogo wa ngazi ya tatu. "Mmefunzwa," akawaambia askari. Tukarudishwa kwa gari lile lile, nikaagizwa nikayabandue matangazo yote mawili kwa mkono wangu mwenyewe.

La mjini nilibandua jioni ile ile, watu wakiangalia. La Kibaoni nilikwenda na baba wiki iliyofuata. Huko tukaambiwa yule mwenye mashine ni Bwana Luhende, Msukuma, fundi wa kinu cha kukoboa mpunga, ila hayupo, aliposikia Bwana Nyama anatafuta watu wenye wanyama amejificha kwa dada yake Litapunga siku ya nne sasa. Tukamfuata. Alitoka nyuma ya zizi na mashine yake imefungwa kwenye kitenge, akaniangalia juu hadi chini. "Mayu," akasema, yaani mama kwa Kisukuma, "ni wewe uliyeandika lile tangazo?" Nikasema ni mimi. Akasema, "Mimi ninao tisini na nane. Nililala porini siku mbili kwa ajili yako." Kisha akaniuliza waya nimeleta.

Tuliunganisha pale pale, tumekaa kwenye gogo, ng'ombe wanatuangalia. Mmoja, wawili, mpaka sita. Nami nikampa wale asiokuwa nao, wengi kuliko alionipa, hiyo ilikuwa haki yake. Profesa akatoa cheti. Kilikuwa kicheti kidogo cha kwenye kioo, hakitolewi kwenye karatasi, hakipelekwi popote, lakini kilikuwa na jina langu, Edita, na baba alikishika mpaka betri zikaisha.

Jumamosi iliyofuata jumuiya ilisali kwa Mama Tekla. Ulipofika wakati wa nia, kila mtu anaombea mgonjwa wake na mvua yake, baba akasimama akasema, "Tumshukuru Mungu kwa binti yetu Edita, ambaye aliianza kazi na ameimaliza." Wamama walisitasita kidogo, maana wote walijua ni kazi gani. Kisha Mama Tekla akaitikia, na wengine wote wakamfuata, "Ee Bwana, twakuomba utusikie," jibu ambalo halikuendana na alichosema, lakini walilisema kwa nguvu.

Yale matokeo mengine yalikuja baadaye, hayakuwa mabaya, hayakuwa ya kusimulia. Nimeandika matangazo mengi tangu hapo, ya vikundi, ya mikutano, ya misiba, na nimejiwekea nadhiri ambayo sijawahi kuivunja: silibandiki tangazo mpaka kwanza nimpe mtu asiyejua lolote alisome, aniambie ameelewa nini. Na mama yangu akiniita, naenda.