Jumapili Gaston Alipocheka wa Kwanza

Homa ya utotoni kule Bukavu ilimwachia Gaston uhai, ikaondoka na masikio yake. Alikua, akajifunza ushonaji, akafika Johannesburg, na pale Yeoville mabwana harusi wengi walivaa suti za mkono wake. Lakini penye filamu alibaki mgeni. Mkewe Brigitte humwandikia maneno kiganjani kwa kidole, na kicheko cha Gaston hufika wenzake wamekwisha kunyamaza.

Jumapili moja ya Desemba 2018, Hénock, mwalimu wa kwaya, alitundika shuka jeupe katika ukumbi wa kanisa mtaani Berea, akaziba madirisha kwa vitenge. Jua la alasiri likapenya limegeuka rangi ya machungwa na buluu, watu wakawa kama wamekaa chini ya maji. Picha za kale zikaanza: theluji, mapaa, mzee wa ndevu nyeupe na gunia lake.

"Sauti iko wapi? Spika imekufa?" akauliza mama mmoja.

"Hakuna sauti, mama," Hénock akajibu. "Wakati ule sinema zilikuwa hazijajua kusema. Tuangalie tu."

Gaston aliona shingo zikigeuka, akamtazama mkewe. Brigitte akamwandikia: *Hata sisi hatusikii.*

Basi akautoa mkono wake polepole mikononi mwa mkewe. Baba Noeli, yule mzee wa Krismasi, alipanda paa mwepesi kama moshi, akaingia katika bomba la jiko, tumbo likakwama, miguu ikapiga mateke angani. Gaston akacheka. Alicheka peke yake, kisha akahisi sakafu ikitetemeka chini ya viatu: ukumbi mzima ulikuwa umemfuata. Machozi yakamtoka asijue ni ya nini.

Nyumbani binti yao Shekinah alikuwa amelala na mafua. Alizaliwa hapa, Kiswahili alikielewa, lakini alijibu kwa Kiingereza, na Kiingereza babake hakuweza kukisoma midomoni. Siku zote mazungumzo yao yalipitia kwa Brigitte. Jioni ile Gaston hakumngoja. Alivaa koti jekundu, akabandika pamba kidevuni, akaparamia ukuta usiokuwepo, akakwama kati ya kabati na mlango. Shekinah akacheka hadi akakohoa.

"Papa, rudia," akasema taratibu kwa Kiswahili, akiifungua midomo vizuri ili isomeke.

Gaston akarudi mlangoni, akakung'uta theluji mabegani, akaanza upya.